Mama Makopo na Dakika Nne Alizoziacha Kimya

Ndugu, majirani, na ninyi mliofanya kazi naye, poleni, na asanteni kwa kuja. Mimi ninayesoma ni mdogo wake wa mwisho. Wiki tatu kabla hajatutoka aliniita karibu na kitanda akaniambia, "Wewe ndiye utakayesoma, maana unapenda kusikilizwa. Ila usinipambe. Lile la mwaka sabini na nane lisomwe." Nikamwambia, "Dada, siku hiyo watu watakuwa na huzuni." Akasema, "Basi wapate na la kufikiria." Sikuwahi kumshinda kwa maneno akiwa mzima, na leo sitajaribu.

Dada yetu alizaliwa Jumatano, tarehe 14 Machi 1951, alfajiri, katika nyumba ya vyumba viwili, ya nne kutoka kwenye karakana ya mabehewa ya treni. Alikuwa mtoto wa pili kati ya watano. Baba yetu alikuwa seremala wa mabehewa hayo, na mama yetu alishona sare za shule. Mama alipenda kusimulia kwamba mtoto huyu hakulia alipozaliwa. Mkunga alimgeuza, akamchapa kidogo, naye akafumbua macho na kuwatazama waliokuwa chumbani mmoja mmoja, ndipo akalia. "Alituhesabu kwanza," mama alikuwa akisema, "akaona tumetimia."

Alisoma shule ya msingi ya watoto wa wafanyakazi wa reli kuanzia mwaka 1958 hadi 1964. Huko alikabidhiwa kabati la vitu vilivyopotea, kazi ambayo wenzake waliikimbia. Mwalimu mkuu alipolifungua mwisho wa muhula alikuta kila kifutio na kila kiatu cha mguu mmoja kina karatasi yake: "Kimepatikana chini ya dawati la tatu, Jumanne, baada ya mvua." Mwalimu akamwuliza, "Mvua inahusu nini?" Akajibu, "Mwenyewe akisoma atakumbuka siku." Akaendelea na sekondari ya wasichana, akamaliza kidato cha nne mwaka 1968.

Mwaka 1969 siujui. Mimi nilikuwa mtoto wa miaka sita, na nyumbani alikuwa hayupo. Wako wanaosema alikwenda kumuuguza shangazi, wako wanaosema mengine. Yeye hakuniambia, nami nimeuacha kama ulivyo. Sababu mtaiona huko mbele.

Mwaka 1970 alijiunga na mafunzo ya ukutubi, na tarehe 3 Januari 1972 aliajiriwa na shirika la utangazaji kama karani wa maktaba ya filamu. Maktaba yenyewe ilikuwa ghorofa ya chini, vyumba vitatu visivyo na dirisha, na mashine ya baridi iliyokuwa ikinguruma mchana kutwa. Rafu zilijaa makopo ya bati, bapa na ya mviringo, na ndani ya kila kopo mlikuwa na mkanda wa filamu. Aliingia pale akiwa na miaka ishirini, akatoka akiwa na sitini. Katikati hapo akapata jina la Mama Makopo, na wengi wenu hapa hamjui lingine.

Kazi yake niieleze kidogo, maana watu walidhani anakaa na makopo tu. Mkanda wa filamu unaoza. Ukianza kuoza unatoa harufu ya siki, na mkanda mmoja mgonjwa ukiachwa kwenye rafu unaambukiza majirani zake. Kwa hiyo dada alikuwa akifungua kopo, ananusa, anauzungusha mkanda mezani kwa mkono, taratibu, amevaa glavu nyeupe za pamba, kidole kikipapasa ukingo kutafuta palipochanika. Palipochanika aliunga. Ulioanza kunuka aliutenga kwenye chumba chenye baridi zaidi. Kisha aliandika kwenye kadi: ndani kuna nini, nani anaonekana, kilipigwa lini, kina hali gani. Watengeneza filamu walipokuja, kadi zile ndizo zilizowaongoza. Anayetafuta picha za mafuriko, za soko la zamani, za treni ya kwanza ya dizeli, alipewa kiti na kikombe cha chai, akaulizwa maswali mpaka ajute kwa nini alikuja.

Nyumbani nako kunusa hakukuisha. Alikuwa akifunua sufuria ananusa kwanza, na binti yake anasema, "Mama, huu ni mchuzi, si mkanda." Kila Jumamosi alifua glavu zake na kuzianika, jozi kumi na nne mfululizo kwenye kamba, vidole vikining'inia. Jirani aliyehamia mtaani akamwuliza mumewe kwa sauti ya chini, "Mkeo ni trafiki?"

Huyo mumewe, shemeji yetu, alikuwa dereva wa gari la sinema, lile lililozunguka vijijini likionyesha filamu ukutani mwa shule. Walikutana kwenye kaunta ya maktaba, mwaka 1975, aliporudisha mkanda uliokwaruzika kuanzia mwanzo hadi mwisho. Dada akauinua kwenye taa, akautazama, akamtazama yeye.

"Wewe dereva, huu ulikuwa unauburuta barabarani?"

"Dada yangu, barabara ndiyo ilikuwa inatuburuta sisi."

"Kaa hapo nikufundishe kufunga kopo."

Shemeji alisema mpaka mwisho wa maisha yake kwamba kufunga kopo alikuwa anajua tangu zamani. Walifunga ndoa Jumamosi, tarehe 18 Septemba 1976, na Mungu akawajalia watoto wawili: binti, ambaye ni fundi umeme, na mwana, ambaye ni mwalimu. Shemeji alitutangulia mwaka 2013. Waliishi pamoja miaka thelathini na saba bila kelele nyingi, ukiacha zile za kubishana nani aliacha kopo la sukari wazi.

Sasa nafika pale aliponiagiza nisiruke.

Mwezi Agosti 1974, wanawake wa idara ya kusokota nyuzi kwenye kiwanda cha nguo walizima mashine siku tatu. Walikuwa wanataka madirisha yafunguliwe, kwa sababu ya vumbi la pamba, na wanaonyonyesha wapewe nafasi ya kunyonyesha. Siku ya tatu shirika lilipeleka kamera. Mama mmoja, msokota nyuzi wa miaka thelathini na tatu, alisimama mbele ya geti la kiwanda akazungumza dakika kumi na moja bila kukatizwa. Wakati huo kamera ilichukua picha peke yake. Sauti ilinaswa na mashine nyingine, kwenye mkanda wake wenyewe. Kwa hiyo yalirudi makopo mawili, la picha na la sauti. Dada aliyapokea, akayasikiliza na kuyatazama, akaandika kadi: "Picha ipo. Sauti ipo. Hali nzuri."

Mwaka 1978 mikanda ya sauti ikaadimika. Ikatoka amri kwamba ya zamani ifutwe itumike upya, na orodha ikaletwa kwa dada aweke alama kwenye mikanda ambayo haitakiwi tena. Ule wa mama msokota nyuzi haukuwamo kwenye orodha. Lakini siku hiyo, Alhamisi tarehe 9 Novemba, idara ya michezo walikuja wakihema. Mechi inaanza saa kumi, hawana mkanda wa kurekodia. Dada alikuwa peke yake. Akanyoosha mkono kwenye rafu, akashika kopo la kwanza lenye mkanda wa urefu waliotaka, akasoma jina lake, akajua ni nini. Alinisisitizia niseme kwamba alijua. Akauweka juu ya kifaa cha sumaku cha kufutia sauti, kinachofanana na jiko la umeme la sahani moja, akauzungusha taratibu kama alivyofundishwa. Inachukua sekunde arobaini. Akawapa.

Mechi ilikwisha sare, bila bila.

Kadi hakuigusa. Hilo ndilo kosa lake la pili, na yeye alilihesabu kuwa kubwa kuliko la kwanza. Kadi ikabaki droo ya nane inasema, "Sauti ipo." Mtafiti akija kuiulizia, dada anamjibu, "Iko kwenye matengenezo." Akija mwingine baada ya miaka mitano, iko kwenye matengenezo. Wenzake wakafanya mzaha kwamba mkanda ule umetengenezwa kuliko barabara ya kwenda uwanja wa ndege. Kumbe yeye kila likizo alikuwa anazunguka kutafuta nakala: vituo vingine vya redio, vyuo, nyumba za mafundi mitambo waliostaafu, stoo za chama cha wafanyakazi. Familia tulidhani anapenda kusafiri.

Picha ilibaki. Mama amesimama getini, kitambaa kichwani, mdomo unakwenda, mkono unapanda na kushuka, na hasikiki. Kila miezi sita dada aliuzungusha mkanda ule kwa mkono wake, akaunusa, akaurudisha. Na hapo ndipo ulipotoka ule ukali wake ambao watengeneza filamu wengi hapa wanaukumbuka. Mtu mmoja aliitaka picha hiyo aiweke kwenye filamu ya kipindupindu, eti mama anaonekana kama analalamikia maji. Mwingine alitaka wanawake wa sokoni. Picha isiyo na sauti inakubali kila uongo, si mnaona? Dada alikataa, akakataa. "Huyu anasema jambo lake," aliwaambia. "Kama hulijui, usimtilie lako mdomoni." Alishtakiwa kwa wakubwa mara tatu kwa ubishi. Hakuna aliyejua ubishi ule umetoka wapi.

Mwezi Machi 2008 akaja binti mmoja mtengeneza filamu. Alikuwa anatengeneza filamu ya kile kiwanda, ambacho kilikuwa kimeshafungwa. Akapewa kiti na chai. Akaiomba sauti. Dada akamjibu kama kawaida, iko kwenye matengenezo. Yule binti akasema, "Sawa, Mama. Basi nipe picha tu, nitatafuta mwigizaji aseme maneno yanayofanana." Akaongeza, "Na tufanye haraka, maana mkanda wenyewe nasikia unanuka siki."

Hilo dada alikuwa analijua tangu mwaka uliotangulia, na lilikuwa linamkosesha raha. Mkanda ulikuwa umeanza kujikunja. Akikataa, picha nayo itakwenda. Akikubali, mama yule atasemewa na mtu mwingine milele, kwenye filamu nzuri, na watu wataamini. Akaweka kikombe chini.

"Haipo kwenye matengenezo," akasema. "Niliifuta mimi. Nimeitafuta miaka thelathini, hakuna nakala mahali popote."

 Binti akauliza, "Na yeye mwenyewe umemtafuta?"

Dada aliniambia kwamba swali lile lilimpiga kama kofi. Alikuwa ametafuta kwenye makopo, kwenye stoo, chini ya vitanda vya mafundi mitambo. Mtu mwenyewe hakuwahi kumtafuta. Sisi wa maktaba, alisema, tukipoteza kitu tunakimbilia kwenye rafu. Halafu akakiri: alimwogopa pia.

Walimpata kwa siku nne. Alikuwa anaishi vituo vitatu vya basi kutoka maktaba, nyumba ya bluu pembeni ya kiwanda cha sabuni, na miaka yote ile alikuwa anapita mbele ya mlango wa shirika akienda kliniki. Alikuwa na miaka sitini na saba, kifua kibovu, akili kama wembe. Yupo hapa leo, mstari wa mbele, na ameniruhusu niyaseme haya, kwa sharti nisipunguze.

Dada alikataa kiti alichokaribishwa. Akasema akiwa amesimama mlangoni, "Dada mkubwa, mimi ndiye niliyefuta sauti yako."

"Ulifuta ukaweka nini?"

"Mpira."

"Nani alishinda?"

"Hakuna. Bila bila."

Bibi akacheka mpaka kikohozi kikamshika, akapewa maji. "Si mngeniacha tu mimi niendelee kusema," akasema. Kisha kicheko kikaisha, akamtazama. "Ila ulinikosea. Si mpira. Mimi nilikuwa napita mlangoni kwenu. Miaka thelathini umenificha kwenye kopo, na mtu akiniuliza unasema niko kwenye matengenezo. Ungeniita."

"Nisamehe."

"Sijafika huko. Picha ipo?"

"Ipo."

"Twende ukaniwashie."

Mkanda ulikuwa umenyauka, hauwezi kupita kwenye mashine ya kawaida. Dada na fundi mmoja walikaa nao siku kumi na saba, wakiulainisha, wakiunga matundu ya pembeni, wakipiga kila picha moja moja na kuiingiza kwenye kompyuta. Kisha wakamkalisha bibi kwenye chumba cha kurekodia, mbele ya kioo, wamemwekea kipaza sauti. Akajiona. Kwanza akasema, "Jamani, mbona nilikuwa mwembamba hivi, na hamkuniambia?" Akataka irudishwe mwanzo. Mara ya pili alikuwa anaangalia mdomo wake. Mara ya tatu akaanza kusema nao.

"Sisi kazi hatuikatai," ndivyo yalivyoanza. "Tunachokataa ni kurudi nyumbani na pamba kifuani."

Dada alikuwa nyuma ya kioo. Hakuwa ameyasikia maneno yale tangu mwaka sabini na nne, na aliyatambua yote.

Walirudia siku tatu. Dakika saba bibi alizipata. Dakika nne hakuzipata. Alitazama mdomo wake mwenyewe unasema, akatikisa kichwa. "Hapa sikumbuki." Mtengeneza filamu akajaribu kumsaidia: labda hapa ulikuwa unataja wanaonyonyesha? Bibi akasema, "Labda. Sikumbuki." Mtengeneza filamu akamgeukia dada, na dada akasema, "Amesema hakumbuki. Iache kimya." Hivyo ndivyo filamu ilivyotoka mwaka 2009. Mama anazungumza, kisha sauti inakatika, mdomo unaendelea, kisha sauti inarudi. Siku ya kwanza kuonyeshwa, mtu wa nyuma alipiga kelele kwamba spika zimeharibika. Bibi akageuka akamwambia, "Tulia. Hazijaharibika. Ni mimi nimesahau."

Dada aliomba kurekebisha kadi. Mkuu wa idara akamsihi, "Mama, waliotoa ile amri wote wameshakufa. Umebakiza miaka miwili ustaafu. Nani anakuuliza?" Akajibu, "Ile kadi inaniuliza." Wakamwandikia barua ya onyo, akaitia saini, akaihifadhi kwenye faili kwa tarehe yake. Kadi ya droo ya nane sasa inasomeka hivi, kwa mwandiko wake: "Picha ipo. Sauti ilifutwa nami, 9 Novemba 1978, nikijua. Dakika saba zimerudishwa na mwenyewe. Dakika nne hazipo. Zisijazwe."

Alistaafu tarehe 31 Machi 2011, lakini kila Jumanne alirudi maktaba kunusa makopo, mpaka askari wa mlangoni akaacha kumwandika kwenye daftari la wageni. Dada akamkanya: "Niandike. Nimeingia, kwa hiyo niandike."

Mwaka 2021 moyo wake ulianza kutanuka. Alitibiwa, akapata nafuu, akaugua tena mwezi Novemba mwaka jana. Binti yake na mwanawe walimuuguza kwa zamu bila kuchoka, na familia inawashukuru, pamoja na madaktari na wauguzi wa wodi namba sita. Mwezi Januari bibi alikuja kumwona, amepanda ngazi zote kwa mguu na kifua chake kile. Nilikuwapo. Dada akamwambia, "Dada mkubwa, lile neno la kunisamehe hukuwahi kulisema." Bibi akauliza, "Ile kadi ulirekebisha?" "Nilirekebisha." "Ulivyoiandika ndivyo ilivyokuwa?" "Ndivyo." "Basi unaniuliza nini tena?" Akamshika mkono, wakakaa hivyo mpaka saa ya wageni ikaisha.

Alifariki Jumapili, tarehe 5 Februari 2023, saa tatu na dakika kumi asubuhi, akiwa amebakiza wiki tano kutimiza miaka sabini na miwili. Ameacha watoto wawili, mkwe mmoja, wajukuu wanne, dada mmoja, mdogo wake mmoja ambaye ni mimi, makopo elfu sita mia nne na kumi na mawili yasiyo na siki, na bibi wa mstari wa mbele, ambaye hatujui tumwandike upande gani, kwa hiyo tumemwandika kwa wanandugu.

Mlipoingia mmeona picha zake zikipita kwenye kitambaa kile cheupe, na wengine mmeuliza mbona hakuna muziki. Aliagiza usiwekwe. Mle asimosikika, asisikike.

Nami nimefuata hivyo hivyo. Mwaka 1969 siujui, na sikuujaza. Sijui alikuwa anawaza nini ile asubuhi ya mwisho, maana alifumbua macho, akatutazama tuliokuwa chumbani mmoja mmoja, mdomo ukamwenda kidogo, sauti haikutoka. Binti yake alitaka kusema mama ametuaga. Mwanawe akadhani ametaja jina la baba yao. Nikawaambia hatukusikia.

Akatuhesabu, akaona tumetimia. Hilo tuliliona.

Kadi yako imekamilika, dada. Lala salama.